Wiki Sita za Mdhahabu

Siku aliyoletwa pale kama bibi harusi, alidhani mlima ulio nyuma ya nyumba umeungua. Vichaka vilikuwa vya kijivu kutoka chini hadi kileleni, vifupi, vinamfika mtu magotini. Matawi yalikatika ukiyagusa tu, na majani machache yaliyobaki yalikuwa na manyoya meupe kama yamenyunyiziwa unga. Akamwuliza mume wake ni nani aliyeuchoma. Mume akacheka mpaka akashika mbavu.

"Haujachomwa. Umelala. Ngoja mvua inyeshe, utaona."

Mvua haikunyesha mwaka ule. Alikuwa na miaka ishirini na tatu, ametoka mji wa ukungu na matope ambako dada yake mkubwa alimfundisha kushona, na sasa alikuwa katika nyumba ya kampuni chini ya machimbo ya mawe, mahali ambapo nguo ya kwanza ilikauka kabla hujamaliza kuanika ya mwisho. Nyumba za pale zilikuwa safu tatu, zote sawasawa kama biskuti za pakiti moja: sebule na chumba kimoja upande wa mbele, chumba kimoja nyuma, madirisha ya mbao tupu. Vioo havikuwekwa kwa sababu ya baruti. Kila siku saa saba mchana mwamba ulilipuliwa, na vikombe vikagongana kabatini. Mume wake aliendesha mtambo wa kusaga kokoto. Chumba cha mbele kilikuwa cha mama mkwe. Cha nyuma kilikuwa chao wawili, na humo ndimo alimoweka cherehani yake na kuanza kushona ovaroli za wafanyakazi. Kazi yake ilikuwa safi, na watu hawakawii kujua. Kabla mwaka haujaisha hapakuwa na kiuno machimboni ambacho hakukijua kwa inchi.

Mwaka wa pili mvua ilinyesha siku tatu mfululizo. Wiki tatu baadaye alifungua dirisha asubuhi, akapiga ukelele. Mlima wote ulikuwa wa manjano. Kila kichaka kilikuwa kimetoa vijiti vyembamba juu ya majani, na kwenye ncha ya kila kijiti limekaa ua kama alizeti ndogo, la ukubwa wa kifungo cha koti. Nyuki walivuma hata ungedhani kuna mashine. Wenyeji waliuita mti ule mdhahabu. Hakumaliza hata chai yake. Alipanda mlimani, akachuma mpaka mikono ikajaa na utomvu ukamganda vidoleni, akarudi na kuyatia maua kwenye jagi kubwa, akaliweka juu ya meza ya cherehani.

Kufikia adhuhuri alikuwa amepiga chafya hata hesabu imempotea. Mama mkwe alimsikia kutoka sebuleni, akacheka peke yake.

"Hizo chafya nazijua mimi. Humu ndani tutapata mgeni."

Siku ya pili macho yalivimba, yakabaki mistari tu. Siku ya tatu kifua kilianza kupiga mluzi, na mume wake akambeba mgongoni hadi zahanati kwa sababu alikuwa hawezi hatua kumi. Daktari alimvutisha dawa kwa pampu, akakaa naye mpaka pumzi ikarudi, kisha akamtazama mikono iliyoganda utomvu.

"Huu ni mzio," alisema. "Chavua ya hayo maua ikiingia kifuani mwako inakuwa sumu. Dawa nitakupa, vidonge na hii pampu, lakini dawa yenyewe hasa ni kuhama."

"Nihamie wapi, daktari? Ndiyo kwanza nimefika."

Mume wake aliporudi nyumbani alichukua panga akaukata mstari wa midhahabu iliyopandwa kando ya ukuta. Ilikuwa imepandwa na marehemu baba yake. Mama mkwe alisimama mlangoni akaangalia, na hakumsemesha mkwewe mwezi mzima. Na kukata kwenyewe hakukusaidia kitu. Iliyobaki mlimani ilitosha kuua kijiji.

Basi wakajifunza kuishi. Mvua ikinyesha, walikuwa na wiki tatu za kujiandaa. Dirisha la chumba cha nyuma lilifungwa, nyufa zikazibwa kwa vipande vya ovaroli, shuka likalowekwa na kutundikwa juu yake. Chini ya mlango kilisokotwa kitambaa. Nje ya mlango iliwekwa beseni la maji, na kila aliyetaka kuingia alivua nguo za nje, akanawa uso na mikono, akafuta nywele. Feni haikuwashwa, maana ilirusha vumbi. Taa iliwaka mchana kutwa. Mwanamke aliingia humo maua ya kwanza yakifunguka, akatoka ya mwisho yakikauka, na katikati yalikuwa majuma sita. Kitambaa cha kushona kililetwa kimefuliwa. Chakula kililetwa kimefunikwa. Vidonge vilimtia usingizi. Mara moja sindano ilimpita kidole cha shahada hadi upande wa pili, naye akakitazama kidole kwanza, kama cha mtu mwingine, ndipo akalia.

Mwaka uliofuata akajifungua mtoto wa kike. Mtoto alianza kusema mapema na hakunyamaza tena, wakamwita Chiriku, na jina lake la cheti likasahaulika. Chiriku alizoea kuzungumza na mama yake kupitia mlango. Alilala chini sakafuni, mdomo karibu na kile kitambaa cha chini ya mlango, akasimulia shule nzima, nani kapigwa, nani kadondosha kalamu chooni, na mama yake akashona huku anaitikia. Mtaani, mbele ya uso wake, walimwita Mama Chiriku. Kwa nyuma walimwita Bi Dirisha.

Mama mkwe hakuamini hata siku moja. Wageni wakija wakimwuliza mkwe wake yuko wapi, alijibu, "Yuko likizo." Na akiwa na hasira alisema kwa sauti ya kupenya ukuta, "Mimi nimezaa wanne chini ya mlima huu. Nimeona watu wakiugua malaria, wakiugua tumbo, wakiugua mapenzi. Wa kuugua maua sijamwona."

Mume alikuwa mtu mpole. Jioni alivua, akanawa, akaingia, akakaa kando ya kitanda akisikiliza mluzi wa kifua cha mkewe.

"Vumilia," alisema. "Miaka mitano tu. Wakifungua machimbo mapya nitaomba uhamisho."

Miaka mitano ikapita, mitano ikawa minane. Aliacha kuuliza. Lililomla roho lilikuwa jambo jingine, na hilo hakumwambia mtu. Pale watu wote walingoja mvua. Mwenye mbuzi aliingoja, mwenye nyuki aliingoja, na kisima cha mtaa kiliingoja. Wingu likionekana, watoto walikimbia barabarani. Yeye wingu likionekana alishikwa na kijasho cha mgongo. Akiwa peke yake alikuwa akisema moyoni, Pita. Pita, nenda kanyeshe kwingine.

Kisha ikaja miaka mitatu ambayo mawingu yalipita kweli.

Ilikuwa miaka mizuri kuliko yote aliyoishi pale, na hilo lilimtia aibu. Dirisha lilikaa wazi mwezi baada ya mwezi. Alikwenda sokoni mwenyewe, alimsindikiza Chiriku shuleni, alijifunza majina ya watu aliokuwa akiwajua kwa vipimo tu. Mlima ulilala, wa kijivu, na yeye aliupenda hivyo. Huku mbuzi wa jirani walikufa mmoja mmoja. Kisima kilishuka hadi ndoo ikatoka na tope. Machimbo yalipunguza zamu, kwa kuwa mtambo wa kusafishia kokoto ulihitaji maji, na ovaroli mpya zikawa hazishonwi, zikatiwa viraka.

Mwaka wa tatu mtaa mzima ulikusanyika kwenye uwanja wa mpira kuomba mvua. Walisimama juani, wazee mbele, kila mmoja na imani yake. Naye alisimama na mama mkwe. Waliporudi nyumbani, mama mkwe alikaa kwenye kochi, akavua viatu taratibu.

"Umeomba nini pale?"

"Nimeomba kama wengine, Mama."

"Mwongo wewe. Nilikuwa nakutazama. Mdomo wako haukufunguka."

Alikwenda jikoni akawasha jiko ambalo halikuwa na kazi ya kufanya.

Mwaka wa nne, alasiri moja, mvua ilishuka bila hata kupiga hodi. Haikuwa manyunyu. Ilipiga mabati mpaka watu wakazungumza kwa ishara. Majirani walitoka na ndoo, sufuria, hata makarai ya machimboni, wakalowa na kucheka, wanaume wazima wakarushiana matope. Chiriku, ambaye sasa alikuwa na miaka kumi na hakumbuki vizuri mvua kubwa, alizunguka uani kama pia. Mama yake alisimama mlangoni, machozi yanamtoka, na jirani mmoja akamshika mkono akasema, "Lia tu, shoga, hata mimi nalia. Mungu ametukumbuka."

Lakini safari hii alikuwa ameshaamua. Katika miaka ile mitatu ya dirisha wazi alijua hawezi tena kurudi gizani. Usingizi haukumjia mpaka alipompigia simu dada yake, na dada akasema, "Njoo. Kitanda kipo, wateja wapo, njoo na cherehani yako." Dereva wa lori la kokoto alikubali kumpakia Alhamisi ya wiki ya tatu. Mume wake hakupinga. Alisema tu, "Wiki sita si nyingi," kwa sauti ya mtu anayejiambia mwenyewe. Chiriku angebaki kwa ajili ya shule. Begi likafungwa, likakaa nyuma ya mlango.

Jumatatu yake mama mkwe alitoka kwenda kuangalia midhahabu kama imeanza kutoa majani mapya. Alifanya hivyo kila mwaka, tangu akiwa msichana. Akateleza kwenye tope kando ya bomba. Waliomwinua walisikia mfupa.

Hospitalini walisema nyonga imevunjika, na kwa umri ule na moyo wake dhaifu hawathubutu kumpasua. Wakamfunga, wakampa dawa za maumivu, wakasema alale nyumbani miezi miwili, ageuzwe kila baada ya saa mbili asipate vidonda. Mwanawe alimrudisha Jumatano, akamlaza, kisha akaja kusimama chumba cha nyuma, akilitazama lile begi.

"Nimempigia dada yangu," alisema. "Ana mtoto mchanga, hawezi kuja."

"Jirani?"

"Jirani atasaidia siku moja, mbili. Miezi miwili ataweza nani?" Akajikuna shingo. "Mimi nina zamu. Na hata ningekuwa sina, Mama hatakubali mimi mwanamume nimwogeshe. Atakufa kwa haya kabla ya nyonga."

Mke wake hakumsaidia kumaliza maneno. Alimwacha asimame hapo mpaka mwenyewe akachoka kusimama. Kisha akalivuta begi, akalifungua, akaanza kutoa nguo moja moja na kuzirudisha kabatini. Alhamisi lori lilipita likapiga honi mara mbili. Chiriku alitoka kumwambia dereva aende.

Ikawa hivi: yeye hakuweza kwenda chumba cha mbele, maana mlango wa sebule ulifunguka uani, na chavua ingeingia. Basi mgonjwa ndiye aliyehamishiwa nyuma. Mume akalala chumba cha mbele na mtoto. Chumba cha hatua nne kwa tano kikawa na vitanda viwili, cherehani, ndoo ya choo yenye kifuniko, na wanawake wawili ambao kwa miaka kumi na tatu walikuwa wameishi nyumba moja bila kuwahi kukaa pamoja saa nzima.

Siku nne za kwanza mgonjwa alilala kwa nguvu ya dawa. Siku ya tano alizinduka.

"Ni saa ngapi?"

"Saa nne, Mama."

"Za usiku?"

"Za asubuhi."

"Basi fungua dirisha."

"Siwezi. Yameanza kuchanua jana."

Mama mkwe aliligeukia dirisha na shuka lake lililolowa. Baada ya muda akauliza tena saa, akaambiwa saa nne na robo.

Kufikia mwisho wa wiki alikuwa haulizi tena saa. Alisikiliza. Alisikia nyuki nje ya mbao, alisikia wanawake wakipanda mlimani kuchuma, alisikia kengele ya shule. Chumba kilinuka mafuta ya mashine, dawa ya kuchua na shuka bichi. Asubuhi moja Chiriku alijilaza sakafuni nje ya mlango kama kawaida yake.

"Bibi! Mlima umekuwa manjano mpaka kwenye tangi la maji! Mpaka juu ya kokoto zilizomwagwa! Babu wa jirani anasema hajaona mwaka kama huu tangu aoe!"

Mama mkwe alifunika uso kwa mkono. Alilia kimya kimya, mabega tu yakitikisika, na kila mtikisiko ulimwumiza nyonga. Mkwe wake aliendelea kushona mshono uliokuwa mbele yake hadi mwisho, kwa sababu hakujua afanye nini kingine.

Jioni mume aliponawa na kuingia, mama yake alikuwa anamngoja.

"Weka kioo hapo."

"Kioo, Mama?"

"Kioo. Kitu cha kuonea. Miaka yote hii mnamfungia mtu gizani kama viazi, hakuna hata mmoja wenu aliyefikiri kioo?"

"Baruti, Mama. Kioo hapa hakikai wiki."

"Tingatinga linakaa wapi?"

"Machimboni."

"Lina kioo?"

Mwanaume akapima dirisha kwa macho.

"Hicho kinakaaje? Au baruti inakionea haya?"

"Nyumba ni ya kampuni, Mama, hawaruhusu kubadilisha..."

"Waje waniulize mimi. Niko hapa, siendi popote."

Siku mbili baadaye alikuja na kioo kizito cha mlango wa tingatinga bovu, na fundi wa karakana nyuma yake. Kazi ilikuwa ya saa moja, lakini kwa hiyo saa moja dirisha lazima liwe wazi. Mke alijifunika blanketi lililolowa, kichwa na yote, akajikunja pembeni kati ya kabati na ukuta. Walipong'oa mbao, mwanga ulimwagika ndani, na pamoja nao upepo mwepesi kutoka mlimani. Fundi alikuwa anapiga msumari wa tatu alipousikia ule mluzi. Ulianza mwembamba. Kisha ukawa kikohozi, kisha ukawa kitu ambacho si kikohozi wala pumzi.

Mama mkwe, kitandani, aliliona blanketi likitikisika. Aliona mkono ukitoka chini yake, ukipapasa sakafuni kutafuta pampu, na pampu ikiwa juu ya meza ya cherehani, hatua mbili tu. Akajaribu kuinuka. Mwili ukakataa. Akapiga kelele ambayo ilisikika safu ya tatu:

"Mpeni! Mpeni lile dude lake, anakufa! Acheni kioo, mpeni!"

Mwanawe aliruka. Akampulizia mara mbili, mara tatu, akamshikilia akiwa ameketi. Midomo ya mkewe ilikuwa na rangi ya jivu. Fundi wa karakana alimaliza kazi, akaziba pembe zote kwa gundi, akaondoka bila kuaga.

Tangu siku ile chumba kilikuwa na mwanga. Mlima ulikuwa pale, kiasi cha mita mia mbili, wa manjano hadi angani, na yeye hakuwa ameuona hivyo tangu ile asubuhi ya jagi. Ulikuwa mzuri. Hilo ndilo lililomwudhi. Alikaa akiutazama kama mtu anavyomtazama mbwa aliyemng'ata akicheza na watoto. Watu waliokuwa wakipita walimpungia mkono. Mteja mmoja alisimama nje akamwonyesha kwa vidole kwamba suruali imembana, wapi na kiasi gani, na akaeleweka.

Mama mkwe akawa mtu mwingine, au tuseme akawa mtu asiyetulia. Alimfuata mkwewe kwa macho. Siku ya nne baada ya kioo, akiwa anaogeshwa mgongo, alisema kwa ukuta:

"Alipewa uhamisho."

"Nani?"

"Mume wako. Chiriku alikuwa ananyonya. Machimbo ya kule kwenye mto, nyumba na kila kitu. Barua ilikuja. Mimi nikamwambia akiniacha hapa na kaburi la baba yake, anizike kwanza. Akairudisha. Nikamkataza asikwambie."

Mkono uliokuwa na kitambaa ulisimama mgongoni.

"Nilidhani unajifanya," mama mkwe aliendelea. "Wallahi nilidhani ni deko la mjini. Mpaka juzi."

Mkwe wake aliweka kitambaa ndani ya beseni. Alisimama. Miaka kumi ilimpita kichwani, si kwa mpangilio, bali kama nguo zinazomwagwa kutoka kapuni: vidonge, kidole chenye sindano, sauti ya mwanawe chini ya mlango. Alikwenda mlangoni akashika komeo. Alitaka kutoka, atembee tu, popote, mpaka miguu ikatae. Komeo lilikuwa la baridi. Nje yake palikuwa na sebule, na nje ya sebule palikuwa na ua, na nje ya ua palikuwa manjano matupu. Hata hasira yake haikuwa na pa kwenda. Aliliachia komeo, akarudi, akamaliza kumwogesha yule mwanamke, akampaka mafuta, akamvika gauni. Kisha akaketi kwenye cherehani na kuvunja sindano mbili mfululizo.

Siku mbili hakumsemesha. Lakini kila saa mbili alimgeuza, na kila asubuhi alimwogesha, na uji aliulisha kijiko kwa kijiko. Siku ya pili mama mkwe hakustahimili.

"Sema basi. Hata nitukane. Mimi ni mtu mzima, matusi nimeyala mengi."

"Geukia kushoto," alisema mkwe.

Mume wake alikuwa zamu mbili mfululizo siku hizo. Alipopita nje ya kioo mchana wa siku ya tatu, mkewe aligonga. Akasimama, akatabasamu, akainua mkono. Mkewe akasema kitu. Kile kioo kilitengenezwa kuzuia mngurumo wa mashine, hakikupitisha neno.

"Nini?" alifanya kwa mdomo.

Akarudia. Mume akaweka kiganja sikioni. Ndipo mwanamke akavuta pumzi, yote aliyokuwa nayo, akapiga kelele:

"UHAMISHO! ULIPEWA UHAMISHO!"

Jirani aliyekuwa akifagia uani aliacha kufagia. Mtu wa baiskeli alishusha mguu. Mume wake alibaki amesimama, ovaroli imejaa vumbi jeupe na madoa ya manjano mabegani, mkono bado sikioni ingawa alikuwa ameshasikia vizuri sana. Taratibu akaushusha. Akaitikia kwa kichwa, mara moja. Hakuingia ndani jioni ile. Alimtuma Chiriku na chakula. Kesho yake aliingia, amenawa mara mbili, akakaa chini sakafuni katikati ya vitanda viwili.

"Nilishindwa kuchagua," alisema.

"Ulichagua," mkewe alimjibu. "Ulichagua mtu asiyejua kwamba kuna kuchagua."

Mama yake alikuwa macho, akiangalia dari. Hakuna aliyemwomba aseme kitu.

Maua yalikauka wiki ya saba, kwa sababu mvua ilikuwa kubwa. Alitoka asubuhi, akakaa kwenye ngazi ya mlango wa mbele, miguu juani, na hapo akamweleza mume wake mambo mawili. La kwanza, aandike barua ya uhamisho leo. La pili, jibu likiwa lolote, mvua nyingine ikinyesha yeye ataondoka, nyonga ivunjike isivunjike. Mume aliandika. Jibu lilichukua miezi mitano: nafasi hakuna. Ilibaki miaka sita astaafu, na kuacha kazi maana yake ilikuwa kuacha nyumba na kiinua mgongo.

Mama mkwe alipona kwa kiasi. Alitembea kwa fimbo, akiuburuta mguu, akitukana fimbo. Mvua ya mwaka uliofuata ilikuja mapema. Wiki ya tatu lori lilisimama mbele ya nyumba, na mume akawa anazunguka, anatafuta kamba, anatafuta turubai, anauliza kama si afadhali kungoja kidogo. Mama yake alimpiga fimbo ya mguu.

"Pakia cherehani ya watu!"

Mkwe wake alikuja kuaga. Walitazamana.

"Sijakusamehe, Mama."

"Mimi nimekuomba? Panda gari, dereva anangoja."

Alifika kwa dada yake siku ya pili, kiuno kimekufa ganzi. Mji ulikuwa na ukungu uleule na matope yaleyale. Siku ya tatu alikuwa ameshapata kazi ya foronya za hoteli, na simu ikalia.

"Vifungo vya shati la shule unaviweka wapi?" aliuliza mume wake.

"Kopo la maziwa, juu ya kabati, nyuma."

Akasikia anapanda kiti, anashusha kitu, kitu kingine kinaanguka. "Nimeviona. Mama anakusalimu. Chiriku anataka kusema, lakini nimemwambia amalize kula kwanza, maana akianza..." Akashuka kitini. "Unarudi lini?"

"Yakikauka."

Yalikauka, mume wake akapiga simu kumwambia, na dereva wa lori naye akapiga kuuliza ampitie siku gani. Alimwambia aje wiki inayofuata. Kwa hesabu zote alikaa wiki saba. Ile ya saba haikuhitajiwa na kifua chake, na foronya zilikuwa zimekwisha. Alishinda akitembea mjini, asubuhi na alasiri, mvuani, bila mwavuli, na dada yake alipomwuliza anakwenda wapi alisema haendi popote.